Barua Alizosomewa Mchungaji Kipofu

SWALI: Ndugu Mhariri, ninaandika maigizo ya vijana wa usharika wetu, na kila mara watazamaji huniambia kwamba yanageuka kuwa mahubiri. Nimesikia kwamba ipo filamu ya Kifini kuhusu mchungaji kipofu na mwanamke aliyetoka gerezani, ambayo inazungumzia imani bila kumhubiria mtu. Je, aliiandika nani, na alifanyaje?
*Msomaji, Iringa*

JIBU: Ndugu msomaji, filamu hiyo ni *Postia pappi Jaakobille* ya mwaka 2009, ambayo Ufini iliiteua kuiwakilisha katika kuwania tuzo ya Oscar. Hadithi yake ilibuniwa na Jaana Makkonen, na Klaus Härö akaandika mswada na kuiongoza.

Leila, aliyefungwa maisha kwa kosa la kuua, anasamehewa na kupelekwa kijijini kwa mchungaji mzee, ili amsomee barua za watu wanaoomba kuombewa. Kazi hiyo anaichukia, hata barua nyingine anazitupa kisimani. Hapo wengi wetu tungemleta mchungaji amwonye kwa aya tatu za Maandiko. Waandishi hawa wamefanya kinyume: barua zinakoma kuja, na anayeyumba ni mchungaji mwenyewe. Siku moja anavaa mavazi yake ya ibada na kwenda kanisani kufungisha ndoa ambayo haipo, na humo ndani ya kanisa tupu anabaki peke yake, mzee aliyedhani kwamba ndiye anayewabeba wenye shida, kumbe barua zao ndizo zilizokuwa zikimbeba yeye.

Ninaipenda sana sehemu hiyo, kwa sababu imani inapimwa ndani ya mtu anayeitangaza.

Dhuluma ya majumbani, iliyo chanzo cha kosa la Leila, nayo haitajwi mapema. Inajitokeza karibu na mwisho, pale Leila anapojifanya anasoma barua huku akisimulia maisha yake mwenyewe: dada yake alivyokuwa akipigwa na mumewe, na yeye alivyomuua shemeji huyo. Mzee anamtambua, kisha anamtolea barua za dada yake, ambaye miaka yote hiyo amekuwa akimwombea msamaha.

Kwa hiyo, katika igizo lako lijalo, mnyang'anye mchungaji jambo moja analolitegemea kila siku, kisha mwache mhalifu awe ndiye pekee aliyebaki naye chumbani.