Kabla Hujanunua Vifaa

Wiki hii kijana mmoja wa Tanga ameniandikia: "Dada, nataka kufanya maonyesho ya sauti na kompyuta kama yako. Ninunue nini kwanza?" Tangu onyesho langu la Mji wa Kale, Mombasa, ambapo watu walijaa mpaka ngazini, wengi mmeniuliza hilohilo. Namjibu yeye, nanyi wote mkisikia: usinunue kitu bado.

Mimi nilianza na simu niliyokuwa nayo mkononi. Nasimama mbele ya watu nikighani tungo zangu za Kimvita, lahaja ya Mombasa, na simu imeunganishwa na projekta, inaandika ukutani kile inachosikia. Nasema "ndia", yaani njia, inaandika "India". Nasema "mato", yaani macho, inaandika "mto". Natoa ubeti mzima, mizani minane kila kipande na vina vimekaa, na ukutani panatoka maneno yasiyo na kichwa wala miguu. Watu wanacheka. Ndipo nageuka, naghani yale yaliyoandikwa na simu kwa mahadhi yaleyale ya utenzi, bila kupunguza heshima hata kidogo, na kicheko kinakatika. Wazee waliokua na lugha ile wanaiona imeingia kwenye chombo ikatoka si yao tena. Kazi yangu yote iko hapo.

Taasisi moja ya sanaa iliniambia huo si ushairi wala si mchezo wa kuigiza. Mmoja wa majaji akanishauri nitafute simu inayosikia vizuri, kisha nirudi. Maneno yale bado yananiuma, siwezi kusema uongo. Nayaandika hapa ili nawe yakikupata usidhani umeanza wewe. Watakaokuhukumu hawajawahi kukesha na jambo moja mpaka likawanyima usingizi. Usiwasubiri wakupe ruhusa.

Aliyenitia nguvu ni Laurie Anderson, msanii wa Marekani anayechanganya muziki, maneno na mitambo jukwaani. Mwaka 1977 alitengeneza fidla ya namna yake: kwenye upinde aliondoa nywele za farasi akaweka utepe wa sumaku uliorekodiwa sauti, na kwenye fidla yenyewe akatia kifaa cha kuusoma. Akivuta upinde, maneno yanatoka; akiurudisha, yanatoka kinyumenyume. Mkono ukienda polepole, sauti inazama, ukikimbia, inapanda. Kabla ya hapo alikuwa akipiga fidla barabarani, amevaa viatu vya kutelezea vilivyogandishwa ndani ya barafu, na onyesho linakwisha barafu ikiyeyuka. Mwaka 2003 NASA, shirika la anga za juu la Marekani, ilimchukua kuwa msanii mkaazi wake wa kwanza.

Sasa angalia, mdogo wangu. Fidla ile alikuwa ameisomea tangu utotoni. Teknolojia aliitia ndani ya kitu ambacho mkono wake ulikuwa umekwisha kukijua. Wewe unakijua nini? Kama ni ngonjera, anza na ngonjera. Kama ni kutangaza mpira, anza hapo. Ukianza na mashine, utaishia kuonyesha watu mashine, na hiyo kazi wenye maduka wanaifanya vizuri zaidi.

Jifunze tungo yako kwa moyo. Umeme ulikatika katikati ya onyesho langu moja. Projekta ikazima, nikaendelea kughani gizani mpaka mwisho, wala hakuna aliyetoka. Kwa hiyo narudia: tungo kwanza, vifaa baadaye.

Jambo moja la kiufundi ambalo hakuna aliyeniambia: ukipata simu inayokosea namna unayoitaka, usiisasishe programu. Itenge kwa ajili ya jukwaa tu. Programu hizi hubadilika, na kosa ulilolitungia onyesho zima linaweza kutoweka usiku mmoja. Rekodi pia kila zoezi.

Wengine mnaniuliza kama ni sawa kuchangia sauti zenu kwenye mradi wa Common Voice wa Mozilla, unaokusanya sauti za watu wakisoma sentensi, Kiswahili kikiwemo. Changieni, tena kwa lafudhi ya kwenu, msijibane mkaiga watangazaji wa redio. Mimi nimechangia. Siku simu itakapoandika "ndia" bila kusita, onyesho langu hili litakuwa limekwisha, nami nitatunga jingine.