Muuguzi wa kaunti na posti ya glavu

Umeuliza kama kaunti ya Nairobi inaweza kumfuta kazi dada yako muuguzi kwa kuandika Facebook kwamba wodi yao haina glavu. Si kirahisi hivyo. Ibara ya 33 ya Katiba ya 2010 inampa uhuru wa kujieleza, na haisemi popote kwamba uhuru huo unakoma mtu akiajiriwa na serikali. Kwangu mimi, anayesema glavu zimeisha anawatetea wagonjwa.

Mipaka ipo, ndiyo: uchochezi wa ghasia, matamshi ya chuki, kuwachafulia wengine jina. Halafu Sheria ya Uongozi na Uadilifu ya 2012 inamkataza kukipigia debe chama au mgombea akiwa kazini. Hapo ndipo wengi huteleza. Mtu anaanza na glavu, na aya ya tatu ameshafika kwa gavana na uchaguzi.

Kinachonitia wasiwasi zaidi ni picha. Kama uso wa mgonjwa au faili yake inaonekana, aiondoe leo hii. Hiyo ni siri ya mgonjwa, haiwezi kuitwa maoni.

Akipewa barua ya kutakiwa ajieleze, tafadhali asinyamaze. Ajibu kwa maandishi na abaki na nakala. Ibara ya 236 inakataza mtumishi wa umma kuadhibiwa bila utaratibu wa sheria kufuatwa, kwa hiyo ana haki ya kusikilizwa kwanza. Siku ya kikao aende na mwakilishi wa chama chao cha wafanyakazi, asiende peke yake.