Kwa Wanaobuni Maradhi ya Usingizi: Aliyelala Naye Ana Mwili

Wadogo zangu wa darasa la fantasia, rasimu zenu nimezimaliza, na nimeona heri niandike hapa kuliko kurudia maneno yaleyale pembezoni mwa kila ukurasa. Karibu kila mmoja wenu ana nchi ya ndoto, na karibu kila nchi ina ugonjwa wake wa usingizi. Nchi zenyewe zinapendeza kweli: kuna mto unaopita juu ya mapaa, kuna soko la kuuza vivuli. Tatizo ni wagonjwa wenu, jamani, wana afya kutuzidi sisi tusioumwa! Wanalala miaka, wanaamka, wanashika panga wanaenda vitani.

1. Ugonjwa uwe na kanuni, na uijue kabla hujaandika sura ya kwanza. Mhusika akisinzia pale tu msuko unapokwama, msomaji anajua ni wewe uliyemlaza. Tazameni narkolepsia, ugonjwa wa kweli kabisa wa kuzidiwa na usingizi mchana. Mwenye nao anaweza kulegea magoti akaanguka chini hali yuko macho na akili timamu, na kisa ni kwamba amecheka. Wengi wao wamepoteza seli za ubongo zinazotengeneza oreksini, kemikali ya kutuweka macho ambayo wanasayansi waliitambua 1998, kwa hiyo ule ulegevu wa misuli ambao kwa kawaida huja na ndoto unajipenyeza mchana. Mpe mhusika wako kanuni moja ya namna hiyo, kisha mpeleke harusini kwenye mashangazi wenye utani. Huhitaji joka.

2. Jifunzeni usingizi wa kawaida kabla ya kuuharibu. Mwaka 1953 huko Chicago, watafiti Aserinsky na Kleitman walieleza kipindi cha usingizi ambapo macho hucheza haraka chini ya kope. Hapo ndipo ndoto nyingi zilizo wazi hutokea, na mwili unakuwa umefungwa usizifuate. Mzunguko mmoja wa usingizi huchukua takriban dakika 90. Yatoshe.

3. Aliyelala ana mwili, na mwili huo lazima kuna mtu anauhudumia. Hapa nitakaa, nivumilieni.

Hadithi yangu ndefu ya kwanza ilimhusu Zuhura, binti mchuuzi wa chumvi, aliyelala masika matatu. Kule ndotoni alivuka jangwa, akakusanya jeshi, akampindua sultani asiye na uso. Huku alikuwa amelazwa chini ya chandarua, na sikurudi kumtazama hata mara moja mpaka sura ya mwisho, alipofumbua macho, akaruka dirishani akatoka mbio. Niliisoma kwa sauti mbele ya wenzangu. Alikuwepo mama mmoja, muuguzi mstaafu, aliyewahi kuhudumia wagonjwa wa malale, ule ugonjwa wa usingizi unaoenezwa na mbung'o. Akanyoosha mkono, akauliza: "Mwanangu, huyo binti alikuwa anageuzwa na nani?"

Sikumwelewa. Akaeleza polepole. Mtu asiyeweza kujigeuza hugeuzwa kila baada ya saa mbili hivi, usiku na mchana, la sivyo ngozi ya visigino, nyonga na makalio inachubuka na kuwa vidonda. Midomo huloweshwa kwa kitambaa. Ukimnywesha uji vibaya unaingia mapafuni. Viungo visiponyooshwa vinakakamaa, kwa hiyo siku ya kuamka hata kusimama hawezi, sembuse kuruka dirisha. Akasema malale yenyewe si kulala fofofo kama tunavyopenda kuandika. Vimelea vikishaingia kwenye ubongo, usiku na mchana vinavurugika: mgonjwa anasinzia adhuhuri mkono ukiwa bado kwenye sahani, usiku anakesha na kuzurura, na ndugu anayemlinda halali.

Nikamjibu, "Mama, hii ni fantasia tu." Nikacheka, na wengine wakacheka nami. Akasema, "Haya, mwanangu," akavuta khanga yake begani, akanyamaza. Hakurudi kikao kingine. Sikupata nafasi ya kumwomba radhi, na linaniuma mpaka leo, maana alikuwa amenipa hadithi bora kuliko yangu nami nikamfanya kichekesho mbele za watu. Nani alikesha kando ya kitanda cha Zuhura? Aliacha shughuli gani? Ile chumvi iliuzwa na nani masika yote yale?

Nilipoandika upya nilianzia hapo. Ugonjwa nikauita shibe ya usiku: anachokula mgonjwa kule ndotoni kinamshibisha huku, ila mwili hauoni kitu. Dadake anakaa na bakuli la uji, anapeleka kijiko mdomoni, mdomo haufunguki, kwa sababu kule Zuhura ameketi kwenye karamu na amekula hadi ameshiba. Kila sahani anayokaribishwa kule inampunguza huku, na dada anaona pete ikimvuka kidoleni. Jeshi na sultani niliwafuta wote wawili, na sijawakumbuka.

4. Jinamizi tunalo kwetu, acheni kuazima mashetani ya mbali. Mtu kazinduka, misuli bado imefungwa, kifua kizito, na anahisi kabisa kuna kiumbe chumbani. Msikomee hapo kifuani. Mwaka 1995 hofu ya Popobawa, kiumbe anayesemekana kuwavamia watu usiku vitandani, ilipoenea Pemba na Unguja, watu walitoka majumbani wakalala nje kwa makundi, wakiwasha moto. Hicho ndicho ninachokikosa kwenye rasimu zenu: majirani. Ugonjwa wa kitanda kimoja unabadilisha mahali mtaa mzima unapolala, nani anamwamini nani, mlango upi unafungwa mapema. Nyie mnaandika mgonjwa mmoja na mganga mmoja, kana kwamba nchi nzima ya ndoto haina watu.

5. Tiba iwe na bei, na tafadhali isiwe busu wala "kumbe ilikuwa ndoto". Kwa miongo mingi malale iliyofika kwenye ubongo ilitibiwa kwa melasoprol, dawa yenye aseniki ya kuchomwa kwenye mshipa, iliyoua karibu mgonjwa 1 kati ya 20 waliopewa. Fikirini ndugu anayeulizwa kama mgonjwa wake achomwe au asichomwe. Tangu 2019 Shirika la Afya Duniani linapendekeza vidonge vya feksinidazoli kwa wagonjwa wengi wa malale aina ya gambiense, ile ya Afrika Magharibi na Kati: siku 10, na lazima vimezwe na chakula. Sasa rudini kwa Zuhura, ambaye hafungui mdomo. Vidonge viko mkononi mwa dada, uji upo, na kule karamuni wanamwongeza sahani nyingine. Sura mbili nzima nilizipata hapo.

Kwa rasimu ijayo, kila mmoja aandike kwanza ukurasa mmoja wa anayemuuguza mgonjwa: jina lake, kazi aliyoiacha, anakolala. Nitausoma huo kabla ya nchi ya ndoto.