Mbona watu walirudi Jangwani, mtaa wa bondeni mwa mto Msimbazi jijini Dar es Salaam, baada ya kupewa viwanja Mabwepande?

Ni umbali. Baada ya mafuriko ya Desemba 2011 waathirika wa bonde la Msimbazi walipewa viwanja Mabwepande, takribani kilomita 30 kutoka katikati ya Dar es Salaam. Anayeuza mboga au kubeba mizigo Kariakoo alikuwa anakwenda kazini kwa miguu. Kutoka Mabwepande nauli ya kwenda na kurudi ilikula faida yote. Wengine wakauza kiwanja, wakarudi. Na nyumba iliyoachwa bondeni bila kubomolewa ilipata mpangaji haraka, maana kodi ya huko ilikuwa ndogo. Ubomoaji wa Desemba 2015 ulisafisha sehemu tu.

Kuinua nyumba kwa msingi mrefu ili kukwepa mafuriko hakusaidii sana pale. Msimbazi unashuka kutoka vilima vya Pugu na mchanga mwingi, unautua kwenye tambarare ya Jangwani, kina cha mto kinapungua. Mchanga ukichimbwa chini ya daraja, mvua zinazofuata zinaurudisha. Mvua kubwa ikikutana na bamvua (maji kujaa sana baharini) ndiyo balaa zaidi: bahari imejaa, maji ya mto hayatoki vizuri pale daraja la Selander, mto unapoingia baharini, yanarudi nyuma.

Kwa anayeuziwa kiwanja cha bei poa bondeni: Sheria ya Mazingira ya 2004, kifungu cha 57, inazuia shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka mtoni. Pima kutoka ukingoni, si kwenye maji ya kiangazi. Karatasi ya serikali ya mtaa haibadilishi hilo.