Yule mzee wa mashavu makali ni Pete Postlethwaite

We ulieuliza yule wakili Kobayashi kwenye The Usual Suspects ni nani, huyo ni Pete Postlethwaite bana, Mwingereza wa Warrington, alianzia kwenye jukwaa la Everyman kule Liverpool kabla ya hizi muvi zote. Ile iliyomtoa ni In the Name of the Father ya 1993, kacheza baba anayefungwa jela moja na mwanae kwa kosa ambalo hawakufanya, akapata nominesheni ya Oscar, na mi naona pale kamfunika hadi Daniel Day-Lewis aliyecheza huyo mwanae, mnisamehe.

Kwenye TV mtafute kwenye ile tamthilia ya wanajeshi inaitwa Sharpe, yeye ndo Hakeswill, sajenti mshenzi kweli kweli, anavua kofia anaongea nayo kama anaongea na mamake, yaani unacheka huku unaogopa.

Wakenya mnamjua hata kama jina hamlijui, ndo yule daktari Lorbeer kwenye The Constant Gardener ya 2005, zile sini zinazoonyeshwa kama Sudan walishutia Loiyangalani, kando ya Ziwa Turkana. Inception nayo yumo, mzee anayekufa kitandani. Kansa ilimchukua Januari 2011. We anza na hiyo ya 1993.