Mannlicher ya Romania na ya Ugiriki, risasi zinaingiliana?

SWALI: Fundi shikamoo. Nasoma mambo ya vita ya kwanza ya dunia, naona Waromania na Wagiriki wote walibeba bunduki aina ya Mannlicher ya milimita 6.5 kutoka Steyr, Austria. Je wangeweza kupeana risasi?

JIBU: Marahaba. Hapana, haziingiliani, ingawa ukizilaza mezani utaapa ni mapacha. Chukua risasi ya Romania, ya bunduki modeli ya 1893, pitisha kucha kwenye kitako cha ganda utakuta ukingo umetokeza nje, na huo ukingo ndo unaizuia risasi isizame kwenye chemba (tundu la nyuma ya mtutu risasi inapokaa). Ya Ugiriki ya 1903 haina, imechongwa kamfereji tu kuzunguka kitako, yenyewe inazuiliwa na bega la ganda kule mbele. Kichwa kinachoruka ni karibu kilekile, kirefu, pua ya mviringo, gramu kama 10 hivi, ndo maana watu wanachanganya.

Halafu kuna magazini, yaani sehemu ya bunduki inayobeba risasi. Mromania anasukumia ndani klipu nzima (kibanio cha bati) na risasi zake 5, zikiisha klipu inadondoka yenyewe kwa tundu la chini (na tundu hilohilo ndo mlango wa matope), ukiishiwa klipu basi unalisha mojamoja. Mgiriki yeye anazisukuma 5 kwa kidole gumba, klipu inabaki nje, zinajipanga kuzunguka kigurudumu cha springi alichobuni Otto Schönauer, na akitaka kuzitoa anabonyeza kitufe zinaruka juu zote. Mi naona hakuna magazini ya enzi zile iliyolisha laini kama ile, ila kuitengeneza ilikuwa ghali. Bell, yule mwindaji wa Karamoja huko Uganda, aliwahi kuangusha tembo kwa risasi hiyohiyo ndogo ya Kigiriki.

Tabu ya wote wawili ilikuwa kiwanda. Romania iliingia vitani Agosti 1916 ikapigana na Austria-Hungaria, yaani na muuzaji wake mwenyewe, sasa hapo bunduki na spea utapata wapi, ikabidi wategemee bunduki za Lebel za Wafaransa na Mosin za Warusi. Wagiriki walipoingia vitani upande huohuo 1917 yakawakuta hayohayo, nao wakapewa Lebel. Na 1940 Italia ilipowavamia, askari wengi wa Kigiriki walikuwa bado na Mannlicher, zingine zilinunuliwa Breda, kampuni ya Italia hiyohiyo.