Muulize Mwalimu: Ndege Iliyoijia Kigoma Mwaka 1916

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Babu yangu wa Ujiji husimulia kwamba mama yake aliiona ndege ya Wabelgiji ikidondosha mabomu bandarini Kigoma, na kwamba ndiyo iliyoizamisha Liemba. Wenzangu wananicheka, wanasema enzi zile huku hakukuwa na ndege za vita. Nani mkweli? Na rubani huyo aliishia wapi?
Msomaji, Mwanga, Kigoma

JIBU: Marahaba, mwanangu. Mama yake babu aliona kweli, wala usikubali kuchekwa. Ila hilo la kuzamisha meli tulirekebishe.

Ndege zilikuwa nne, aina ya Short, za Waingereza, walizopewa Wabelgiji. Zilishushwa Kongo, zikapandishwa kwa reli na mto mpaka ng'ambo ya ziwa letu, jirani na Mtoa. Hazikuwa na magurudumu: zilikalia maboya mawili, zikiondoka majini na kutua majini. Mwili wake mbao na kitambaa, watu wawili ndani, injini moja. Wewe unalijua ziwa likichafuka. Injini ikizima katikati, hakuna wa kukuokoa.

Tarehe 10 Juni 1916, Aimé Behaeghe, rubani Mbelgiji, akiwa na mwenzake Collignon, alivuka akaja juu ya bandari yetu. Alikuwa akiiwinda Graf von Götzen, meli ya Wajerumani, ndiyo hiyo tuiitayo Liemba. Wabelgiji waliiogopa kwa sababu ya mzinga wa milimita 105 uliotolewa kwenye manowari Königsberg. Kumbe mzinga ulikuwa umeshaondolewa, pale mbele pamewekwa gogo lililochongwa lifanane nao! Kutoka juu, nani angetofautisha?

Wabelgiji waliamini wameipiga. Lakini walioizamisha ni Wajerumani wenyewe, tarehe 26 Julai, walipoona Kigoma inawaponyoka. Wahandisi waliipaka mitambo grisi nene kwanza, wakaijaza meli mchanga, wakaiacha ishuke taratibu. Siku 2 baadaye Wabelgiji wakaingia mjini. Waingereza waliiibua mwaka 1924, na mwaka 1927 ikarudi kazini kwa jina la Liemba. Nilipokuwa nafundisha, niliwapeleka wanafunzi bandarini wakapapase ribiti zake kwa mikono yao. Grisi ile ndiyo iliyotuachia meli, na kila nikiisimulia moyo unanijaa.

Wenzako labda wanafikiria ndege za kupigana angani. Hizo kweli hazikufika hapa. Kule Ulaya, Mfaransa Roland Garros alikuwa amefunga vyuma kwenye pangaboi ya ndege yake ili risasi zake mwenyewe zisiikate, na Aprili 1915 akaziangusha ndege za Wajerumani. Behaeghe hakuwa na adui wa kukutana naye angani ziwani. Kazi yake ilikuwa kupeleleza na kulipua.

Yeye hakurudi kwao. Desemba mwaka huohuo wa 1916 alifariki Niemba, hukohuko Kongo. Nusu mwaka tu tangu siku ile ya Kigoma.

Sasa nina ombi. Babu yuko hai: kaa naye jioni moja umuulize mama yake alikuwa amesimama wapi, Kibirizi, Bangwe au Ujiji kwenyewe, na kama alisikia mngurumo kwanza au aliona kwanza. Andika maneno yake kama anavyoyatamka, uniletee.